Baba yake Kimiko: Maruyama Sadao alikuwa wapi wakati wa vita?

Swali: "Mwalimu, shikamoo. Nimetazama filamu ya Kijapani ya mwaka 1935, Tsuma yo bara no yo ni, iliyoongozwa na Naruse Mikio. Aliyenikaa moyoni ni baba yake Kimiko, yule aliyeitoroka familia yake, anayeigizwa na Maruyama Sadao. Nilipomtafuta nikakuta mistari michache tu: alizaliwa 1901, akafariki tarehe 16 Agosti 1945, siku moja baada ya Japani kutangaza kusalimu amri. Je, aliuawa vitani? Aliigiza filamu za kuipigia debe serikali? Na inakuwaje mwigizaji mzuri kiasi hicho asahaulike?"

Marahaba, mwanangu. Maruyama hakufa akiwa askari. Aliuawa na bomu la atomiki la Hiroshima, siku kumi baada ya kulipuka, na kilichompeleka Hiroshima ni kazi yake ya uigizaji. Ukitaka kuelewa mwigizaji wa Tokyo alifikaje huko, iweke kando kwanza orodha ya filamu zake. Ukiifuata orodha hiyo peke yake utadhani alikuwa mtu wa sinema aliyepungukiwa na kazi vita vilipopamba moto. Yeye alikuwa mtu wa jukwaani. Sinema ilimlisha, na ikamlipia gharama za jukwaa.

Alizaliwa Matsuyama, kisiwani Shikoku, na ujanani aliimba katika kwaya za opera nyepesi za Asakusa, mtaa wa starehe wa Tokyo. Huko alifanya urafiki na kijana mmoja mfupi mchekeshaji, Enomoto Kenichi, ambaye baadaye Japani nzima ilimwita Enoken. Septemba 1923 tetemeko kubwa la ardhi liliiangusha Tokyo, Asakusa ikateketea. Mwaka uliofuata, Juni 1924, ukafunguliwa ukumbi mdogo wa Tsukiji, wenye viti takriban 500, chini ya Osanai Kaoru na Hijikata Yoshi. Maruyama aliingia katika kundi la kwanza kabisa la wanafunzi wake. Pale ndipo tamthilia mpya ya Kijapani, shingeki, ilipopata nyumba: Chekhov, Gorky na Ibsen wakiigizwa kwa Kijapani cha watu wa kawaida, bila madaha ya kabuki, maigizo ya jadi ya Kijapani. Osanai alipofariki mwishoni mwa 1928 kundi liligawanyika, na Maruyama akawa miongoni mwa waliounda Shin-Tsukiji mwaka 1929, kundi lililoelemea upande wa wafanyakazi na siasa za mrengo wa kushoto. Watu walimwita "Danjuro wa shingeki", kwa jina la nasaba kubwa kuliko zote za kabuki. Sifa hiyo haitolewi ovyo Japani.

Lakini sifa haijazi chungu. Makundi ya shingeki yaliishi kwa madeni, polisi walikaa ukumbini kusikiliza kila neno, na kuna wakati Maruyama alilazimika kucheza vichekesho kwa rafiki yake Enoken chini ya jina la kubuni ili apate pesa. Kisha ikaja bahati. Tangu 1931 sinema ya Japani ilianza kuzungumza. Hadi hapo filamu zilikuwa bubu, na pembeni ya pazia alisimama msimulizi, benshi, aliyetia sauti za wahusika wote. Wasimulizi wakapoteza kazi, na studio zikaanza kutafuta watu wenye sauti iliyofunzwa. Studio changa ya P.C.L., iliyoanza kama maabara ya kurekodi sauti, iliajiri waigizaji wa jukwaani kwa wingi, Maruyama akiwemo. Umesema baba yule alikukaa moyoni. Nadhani sauti yake imechangia sana. Alizoea kuufikia ukumbi mzima bila kupaza sauti, na mbele ya kipaza sauti alijua kuishusha hadi ikawa kama mtu anayejisemea mwenyewe.

Filamu uliyoitazama ilichaguliwa na wahakiki wa jarida la Kinema Junpo kuwa bora ya mwaka 1935, na mwaka 1937 ikaonyeshwa New York kwa jina la Kimiko. Mwaka 1936 Maruyama alikuwa mwalimu Kushami katika filamu iliyotokana na riwaya ya Natsume Soseki ya yule paka msimulizi, na aliyecheza rafiki yake alikuwa Tokugawa Musei, mmoja wa wale benshi walionyang'anywa kazi na sinema ya sauti, ambaye sasa alikuwa amegeuka mwigizaji. Likumbuke jina la Musei, tutakutana naye tena. Mkumbuke pia mjomba wa Kimiko katika filamu yako, yule anayejifunza kuimba gidayu, uimbaji wa jadi wa kusimulia hadithi, huku akiwatesa wasikilizaji. Huyo ni Fujiwara Kamatari.

Mwaka 1937 P.C.L. ikaingia katika kampuni ya Toho, na Julai mwaka huo vita kamili vya China vikaanza. Oktoba, Tomoda Kyosuke, mwenzake Maruyama tangu Tsukiji, aliuawa karibu na Shanghai akiwa amepelekwa jeshini, wiki chache tu baada ya kushiriki kuanzisha kundi jipya la maigizo. Yamanaka Sadao, kwa maoni yangu mwongozaji mwenye kipaji kikubwa kuliko wote wa kizazi chake, alifia China kwa maradhi Septemba 1938, hajatimiza miaka 29. Kwa waigizaji na waongozaji waliokuwa na umri wa kwenda jeshini, vita vilikuwa hivyo. Maruyama alikuwa na miaka 36. Vita vyake vilikuja kwa njia ya makaratasi.

Oktoba 1939 Sheria ya Filamu ilianza kutumika, ikiwa imefuata mfano wa Ujerumani ya Hitler. Mwigizaji, mwongozaji na mpigapicha, wote walitakiwa kusajiliwa, na kupimwa kwanza kama wanafaa. Bila kadi hiyo huna kazi. Hati ya filamu ilikaguliwa kabla kamera haijawashwa, na filamu iliyokamilika ilikaguliwa tena. Hata jina la mtu lilikaguliwa. Fujiwara Kamatari alikuwa ameazima jina la kisanii la kigogo wa karne ya 7, mwanzilishi wa ukoo wa Fujiwara, na mwaka 1940 wakubwa wakaona mchekeshaji kuitwa hivyo ni kuwakosea adabu wahenga wa taifa. Akaamriwa abadili. Akajiita Keita, jina linalokaribiana kimatamshi na neno la Kijapani lenye maana ya "nimelibadili". Ukitazama filamu ya Uma ya mwaka 1941 utaliona jina hilo kwenye orodha ya waigizaji. Baada ya vita alirudisha jina lake la zamani.

Agosti 1940 polisi waliwakamata watu wa Shin-Tsukiji na wa kundi jingine kubwa, Shinkyo, na makundi yote mawili yakalazimishwa kujivunja. Kwa Maruyama hili lilikuwa pigo kubwa kuliko kunyimwa filamu yoyote. Nyumba aliyosaidia kuijenga kwa miaka 11 ilifutwa ndani ya siku chache.

Sinema nayo ilikuwa inasinyaa. Mkanda wa filamu wa zama zile ulitengenezwa kwa nitroselulosi, ndugu wa baruti, kwa hiyo jeshi liliutaka. Mapema 1942 kampuni za filamu za hadithi zilikuwa zimeunganishwa hadi zikabaki tatu tu, Shochiku, Toho na Daiei, zikigawiwa mkanda kwa kipimo. Filamu zikapungua, na sehemu za kuigiza zikapungua pamoja nazo.

Kuhusu kuipigia debe serikali, sitakuficha. Baada ya 1939 hakuna mtu aliyeigiza filamu ya hadithi Japani bila kibali cha serikali, na mwajiri wa Maruyama, Toho, ndiye aliyetoa filamu kubwa kuliko zote za kusifu shambulio la Pearl Harbor, mwezi Desemba 1942. Maigizo ya kuzunguka vijijini nitakayoyaeleza hapa chini nayo yaliundwa ili watu wachape kazi zaidi kwa ajili ya vita. Maruyama alifanya kazi ndani ya mfumo huo na alilipwa nao. Simuiti shujaa wa upinzani, maana sina cha kuonyesha. Ninachokiona ni mtu aliyekuwa tayari kulipa bei kubwa mno ili aendelee kupanda jukwaani, na bei ikawa inapanda mwaka hadi mwaka.

Ipo hadithi moja inayonionyesha hali hiyo kuliko takwimu zozote, nayo ni ya mvuta riksho wa mji wa Kokura. Mwandishi Iwashita Shunsaku alitunga riwaya juu ya Matsugoro, mtu asiye na kisomo, mgomvi, mwenye moyo safi, anayemsaidia mjane wa kapteni wa jeshi kumlea mwanawe, na anayempenda mjane huyo kimyakimya hadi kufa. Mwaka 1942 Maruyama alimwigiza Matsugoro jukwaani. Mwaka uliofuata Inagaki Hiroshi akaitoa hadithi hiyo kwenye sinema kwa jina la Muhomatsu no issho. Matsugoro wa filamu alikuwa Bando Tsumasaburo, nyota wa filamu za panga, na mjane alikuwa Sonoi Keiko, mwanamke wa Iwate aliyekuwa ametoka karibuni katika kundi la wasichana la Takarazuka.

Wizara ya Mambo ya Ndani iliitazama ikashtuka. Mvuta riksho kumpenda mjane wa afisa wa jeshi? Wakati maelfu ya maafisa wako vitani na wake zao wako nyumbani? Sehemu ambayo Matsugoro anajaribu kumwambia mjane yaliyo moyoni ikakatwa, pamoja na nyingine, jumla zaidi ya dakika 10. Ndiyo maana ukiitazama leo, mwisho wake unaruka: magurudumu ya riksho yanazunguka, picha zinapita mbio, na mtu amekufa kabla hujajua amesema nini. Baada ya vita, wakaguzi wa jeshi la Marekani waliikata tena, safari hii wakiondoa vipande vya kushangilia ushindi wa Japani dhidi ya Urusi. Filamu moja, makasi mawili. Na bado, uso wa Sonoi Keiko pale anapohisi kile asichoambiwa unafanya kazi ambayo maneno yaliyokatwa yangefanya. Mimi humwonyesha kila mwanafunzi wangu mpya uso ule.

Sonoi angeweza kuendelea na sinema, kwani filamu hiyo ilimpa jina. Badala yake alikwenda kujiunga na Maruyama. Mwaka 1942 Maruyama, Tokugawa Musei, Fujiwara Kamatari na Susukida Kenji walikuwa wameunda kundi dogo waliloliita Kuraku-za, yaani kundi la taabu na raha. Kundi hilo liliigiza Tokyo, kisha likaanza kuzunguka, likiwa na mvuta riksho yule miongoni mwa maigizo yake.

Kuzunguka huko hakukuwa hiari tena. Tangu 1941 kulikuwepo shirikisho la kitaifa la maigizo ya kuzunguka, na Machi 1944 kumbi kubwa za miji zilipofungwa kwa amri, ndilo likabaki karibu mlango pekee. Mwigizaji asiye ndani ya kundi linalotambuliwa angeweza kupelekwa kiwandani. Basi walibeba mapazia na mavazi yao wenyewe kwenye treni zilizojaa, wakaigiza migodini, viwandani, mashuleni, na kwenye hospitali za majeruhi. (Mwaka huohuo wa 1944, babu zetu wa Keya, yaani askari wa Afrika Mashariki katika jeshi la Waingereza, walikuwa wakipigana na jeshi la Japani katika bonde la Kabaw, Burma. Huwa nawataja darasani, ili wanafunzi wajue kwamba vita hivi havikuwa vya watu wa mbali.)

Machi 1945 ndege za Marekani ziliichoma Tokyo, na ukumbi wa Tsukiji, mahali Maruyama alipoanzia, ukaungua. Shirikisho likaamua kuyatawanya makundi mikoani. Kundi la Maruyama, ambalo Musei na Fujiwara hawakuwa nalo tena, likapewa jina jipya, Sakura-tai. Sakura ni maua ya mcheri, na tai ni neno linalotumika kwa kikosi cha jeshi. Likapangiwa kituo Hiroshima, na likahamia huko mwezi Juni. Hiroshima ilikuwa mji wa kijeshi, lakini mabomu yalikuwa hayajaugusa sana. Wengi waliamini wamepata bahati.

Julai walizunguka upande wa Shimane na Tottori, wakarudi Hiroshima Maruyama akiwa anaumwa maradhi ya utando wa mapafu. Kundi jingine lililokuwa na kituo mjini humo, Sango-za, lilihamia kisiwani Miyajima. Sakura-tai walibaki katika nyumba yao ya mtaa wa Horikawa, isiyofika kilomita moja kutoka mahali bomu lilipolipukia.

Asubuhi ya tarehe 6 Agosti, saa mbili na robo, watu tisa walikuwa ndani ya nyumba hiyo. Kwa Sonoi ilikuwa siku ya kuzaliwa, alikuwa anatimiza miaka 32. Wanawake watano waliishia palepale. Wanne walijinasua: Maruyama, Sonoi, Naka Midori, na Takayama Shozo, kijana wa miaka 21, mtoto wa Susukida Kenji.

Mwongozaji wa kundi, Hatta Motoo, alikuwa Tokyo siku ile. Alikwenda Hiroshima kuwatafuta, akamkuta Maruyama nje ya mji akiwa hai, akampeleka Miyajima, kwenye hekalu walikofikia wale wa Sango-za. Huko ndiko Maruyama alikosikia kwamba vita vimekwisha. Kesho yake, tarehe 16, akafariki.

Sonoi na Takayama walikuwa wamefika Kobe, kwa familia iliyomchukulia Sonoi kama binti yao. Hawakuwa na majeraha makubwa. Sonoi alimwandikia mama yake barua yenye furaha kwamba amenusurika na yuko mzima. Siku chache baadaye homa ikapanda, nywele zikaanza kunyonyoka, damu ikaanza kutoka. Takayama alifariki tarehe 20, Sonoi tarehe 21.

Naka Midori alipanda treni hadi Tokyo, kwao, na tarehe 16 akalazwa katika hospitali ya Chuo Kikuu cha Kifalme. Madaktari walipopima damu yake walikuta chembe nyeupe zimeshuka hadi mia chache, wakati mtu mzima huwa na elfu kadhaa kwa kipimo hichohicho. Hawakuwa wamewahi kuona kitu cha namna hiyo. Alifariki tarehe 24, na mwili wake ukachunguzwa. Yeye ndiye mtu wa kwanza ambaye madaktari waliandika rasmi kwamba amekufa kwa ugonjwa wa bomu la atomiki. Ukisoma historia ya tiba ya mionzi utakutana na mgonjwa huyu. Mara nyingi vitabu vinasahau kusema kwamba alikuwa mwigizaji, na alikuwa Hiroshima kwa sababu alipangiwa kuigiza huko.

Sasa swali lako la mwisho. Kazi kubwa ya Maruyama ilifanyika jukwaani, na wakati ule hakuna aliyeirekodi. Matsugoro wake alibaki vichwani mwa waliomwona, nao karibu wote wamekwisha kufa. Kisha, tangu Septemba 1945, wakaguzi wa jeshi la Marekani walibana mno yale yaliyoweza kuandikwa juu ya bomu, hivyo katika miaka ile ambayo wenzake wangemwandika kwa uwazi, mikono ilikuwa imefungwa. Mnara wao wa kumbukumbu ulisimamishwa katika hekalu la Rakanji, Meguro, mwaka 1952, mwaka uleule utawala wa Marekani ulipokwisha, na aliyelisukuma jambo hilo pamoja na wenzake ni Tokugawa Musei. Mwaka 1988 Shindo Kaneto, mwenyewe mwenyeji wa Hiroshima, alitengeneza filamu juu ya Sakura-tai, akichanganya uigizaji na mahojiano ya waliowafahamu. Itafute, lakini ujiandae, kwa sababu vifo vile vinne ameviigiza hatua kwa hatua.

Fujiwara Kamatari aliishi hadi 1985. Kama umetazama filamu ya Kurosawa ya wale samurai saba, basi unamjua: ni yule mkulima anayemkata binti yake nywele kwa hofu. Mimi nikimwona pale huwa namkumbuka Maruyama, ambaye angekuwa na miaka 52 tu filamu hiyo inatoka. Kurosawa alihitaji sana wazee wenye sauti kama ile.

Irudie basi Tsuma yo bara no yo ni. Subiri mahali ambapo Kimiko amesafiri hadi milimani Nagano kumchukua baba yake, akiwa na hasira zake zote, akamkuta anachuja mchanga wa mto akitafuta dhahabu. Mzime sauti Kimiko ukiweza, umsikilize baba peke yake.